Tuliwalisha, Alisema Kambo

Ninyi mliokulia mitaa yetu ya Johannesburg, Troyeville, Bertrams au Bez Valley, mnaijua harufu ya polishi nyekundu. Ni harufu ya nta na mafuta ya taa, nzito, inayoingia puani asubuhi na kukaa humo mpaka jioni. Nyumba zetu zile za zamani, zenye mabati na kuta zinazobabuka, zilikuwa na baraza la saruji upande wa mbele, na saruji ile ilisuguliwa kila Jumamosi mpaka ikang'aa kama ini la ng'ombe. Wiki chache zilizopita nilikuwa napita kwa miguu Troyeville nikamkuta mwanamke amepiga magoti barazani kwake, anasugua kwa kitambaa. Nilisimama pale pale. Alinitazama akidhani natafuta chumba cha kupanga. Nikamsalimu kwa Kizulu na kuondoka haraka, uso unaniwaka kama wa mtoto aliyefanya jambo baya mbele za wageni.

Baraza letu mimi ndiye niliyekuwa nikilisugua. Mama alisuka nywele za watu sebuleni, Baba alilinda jengo moja la Doornfontein na kulala mchana, na mimi, nikiwa bado sijafikisha miaka kumi, nilipewa kopo la polishi na soksi kuukuu. Baba yake mama alikaa kwenye kiti cha plastiki pembeni, na kila nikifika alipoketi aliinua miguu bila kuambiwa ili nipitishe soksi chini yake. Tulimwita Kambo, kama watu wa kwetu kusini mwa Kongo wanavyomwita babu. Aliletwa Johannesburg, Jozi kama tunavyoiita, baada ya bibi kufariki, kwa sababu mama alikuwa mtoto wake pekee aliyebaki na hakutaka azeeke peke yake.

Kambo alikuwa mrefu, mkimya, mtu wa kuchovya mkate kwenye chai na kuutazama kabla ya kuula. Suruali yake aliilaza chini ya godoro ili ipate mkunjo ulionyooka. Asubuhi alinipeleka shule Bertrams akinishika mkono, na kwenye roboti, yaani taa za barabarani, alisubiri ya kijani hata barabara ikiwa tupu kabisa, jambo lililowachekesha wavulana wa mtaani. Nilimpenda kwa sababu moja zaidi ya zote. Kiswahili changu kilikuwa cha jikoni: njoo, kula, lala, oga, funga mlango. Nilisoma kwa Kiingereza, nikacheza kwa Kizulu, na wageni wa mama walinichokoza makusudi niseme kitu ili wacheke. Kambo hakuwahi kunicheka. Nikikosea, aliirudia sentensi yangu polepole ikiwa imenyooka, kana kwamba ndivyo nilivyosema mimi mwenyewe tangu mwanzo, halafu akajibu.

Alikuwa na rafiki mmoja tu, Papa Anselmi, mtu wa Kindu huko mashariki mwa Kongo, mfupi, mcheshi, fundi wa kushona aliyeishi nyumba ya tatu kutoka kwetu. Alikuja karibu kila alasiri. Wakacheza drafti kwa vifuniko vya soda, vyekundu vya Kambo na vya kijani vya Papa Anselmi, na aliyeshindwa alikwenda kwenye spaza, duka dogo la pembeni, kununua sigara mbili. Papa Anselmi alipenda kusema kwamba Mungu alimleta mpaka Jozi ili ampe kaka mkubwa, maana wa kwake alimpoteza zamani. Kambo aliyasikia maneno hayo mara nyingi. Alikuwa akitazama ubao na kusema, haya, cheza.

Kanisa letu lilikuwa ghorofani Doornfontein, juu ya karakana ya magodoro. Siku za Jumapili ngazi zilinuka sponji mpya. Baba alikuwa shemasi, amevaa suti ya kahawia ambayo Papa Anselmi aliipunguza mabega. Mahubiri yalikwenda kwa Kiswahili na kijana mmoja alisimama kando akiyageuza Kifaransa. Na kila Jumapili, mchungaji alipowaambia watu wainue mikono, Kambo alitoka. Alichukua kofia yake, akashuka ngazi, akasimama chini katikati ya magodoro mpaka nyimbo ziishe. Waumini walianza kuuliza. Baba aliona aibu. Mara mbili nilimsikia akimlalamikia mama kwamba shemasi hawezi kuwa na mkwe anayekimbia sifa. Mimi nilidhani Kambo anaumwa mabega na anaona haya kwamba mikono yake haipandi.

Kwa hiyo Jumamosi moja, nikiwa magotini na soksi yangu, nilimwuliza kama bega linamuuma. Akaniuliza bega gani. Nikamwambia, la kuinua mikono kanisani. Nikamaliza mraba mzima wa saruji. Halafu akaanza kusema, kwa sauti ya chini, bila kunitazama. Ni kana kwamba alikuwa akiwaza kwa sauti, na sasa nadhani hivyo ndivyo ilivyokuwa: alimchagua mtu wa nyumba ile ambaye asingeelewa.

Alisema alipokuwa kijana alikuwa askari. Jimbo letu lilitaka kuwa nchi peke yake. Sisi tuliviita vita vya uhuru, wenzetu wakaviita uasi. Siku moja askari wa upande wa pili waliishiwa risasi, wakatoka porini mikono juu, wamechoka, wengine wamebebana mabegani. Walikuwa wengi kuliko kina Kambo waliowapokea. Hapakuwa na chakula cha kuwapa wala mahali pa kuwaweka.

"Tukawaambia watoe viatu," alisema. "Pale kando ya mto. Wakatoa. Tukawalalisha."

Nilimwuliza, wote?

"Wote."

Nikamwuliza kama yeye naye alilala.

"Mimi, Furaha, sijalala mpaka leo."

Kwetu kulalisha ni kitu anachofanya mama kwa mtoto mchanga. Ni kumpigapiga mgongo, kumfunika. Niliona picha nzima kichwani: wanaume waliochoka, viatu vyao vimepangwa kando ya mto kama viatu vyetu mlangoni, na Kambo na wenzake wakiwafunika blanketi mmoja mmoja. Kwamba yeye hakulala nililielewa pia. Baba yangu halali usiku kwa sababu ni mlinzi. Kambo naye alikuwa mlinzi. Alikaa macho ili maadui zake wapumzike. Nilijiona mwenye babu mkubwa kuliko watoto wote wa shule yetu, nikausugua mraba uliofuata kwa nguvu mpaka soksi ikatoboka.

Wiki zile watoto wa kanisani tulikuwa tunafundishwa kuwapenda adui zetu. Mwalimu wetu alituambia Jumapili itakayofuata kila mmoja asimame mbele ya watu wazima aeleze mfano mmoja kutoka nyumbani kwake. Wenzangu wangesema kwa Kiingereza. Mimi nilitaka kusema kwa Kiswahili, ili Kambo asikie na ajue nilimwelewa. Nilifanya mazoezi bafuni. Sikumwambia mtu.

Siku hiyo nilipewa maikrofoni nikasema kwamba Kambo yangu alikuwa askari. Watu walitabasamu, kwa sababu ya lafudhi yangu. Nikasema maadui walikuja kwake mikono juu, wamechoka, wana njaa. Kijana wa Kifaransa alikuwa kando yangu akitafsiri vizuri, akiigiza hata kuchoka. Nikasema, Kambo na wenzake hawakuwapiga. Waliwaambia watoe viatu kando ya mto, wakawalalisha wote.

Kijana alifungua mdomo akaufunga. Hakutafsiri. Nilimtazama nikidhani hakunisikia, nikairudia kwa sauti zaidi: wakawalalisha wote. Ukumbi ulinyamaza namna ambayo sikuwahi kuisikia mahali penye watu wengi hivyo. Chini kabisa, kwenye karakana, mashine ya kukata sponji ilikuwa imezimwa kwa ajili ya Jumapili, kwa hiyo hata hiyo haikutuokoa.

Baba alisimama. Alikuwa akitabasamu. Alisema watoto wetu wa Jozi watatuua kwa Kiswahili chao, wanaongeza silabi wanavyotaka. Mtoto alitaka kusema wakawalisha. Wana njaa, wakawalisha. Watu wakaanza kupumua. Mchungaji naye, akitaka kumsaidia shemasi wake, akamgeukia Kambo aliyeketi safu ya nyuma, akamwuliza kama ndivyo.

Kambo alinitazama mimi, siyo mchungaji. Akasema polepole, kwa sauti ile ile aliyoitumia kuninyooshea sentensi zangu zote:

"Ndiyo. Tuliwalisha."

Wakampigia makofi. Kijana akaitafsiri sasa, na wale wa Kifaransa nao wakapiga makofi yao kwa kuchelewa. Mwanamke mmoja alilia. Mchungaji alisema tumekaa na mtakatifu miezi yote hii tukamwacha asimame chini na magodoro. Jumapili iliyofuata dada mmoja wa kwaya alimletea Kambo kuku wa kukaanga kwenye bakuli lenye kifuniko, na Kambo alimla, kwa sababu dada yule alikaa pale pale barazani kumwangalia akila.

Mimi nilijua kitu kimoja tu: nilikuwa nimekosea neno mbele ya kanisa zima. Jioni ile mama aliniketisha kati ya magoti yake kunisuka na mikono yake ilikuwa ikivuta kuliko kawaida. Aliniambia neno ni kulisha. Akanitaka niliseme. Nikasema kulisha. Akaniambia tena. Nikasema tena, machozi yakinitoka kwa sababu ya nywele na kwa sababu ya Kiswahili, na nikaapa moyoni kwamba sitakisema tena lugha ile mbele ya mtu yeyote. Aibu yangu ya kwanza ilikuwa ya bure kabisa. Niliona aibu kwa silabi iliyokuwa sahihi.

Papa Anselmi alikuwa kanisani siku ile. Hakuja kucheza drafti siku iliyofuata, wala ile nyingine. Alipokuja, ilikuwa mchana, Baba amelala na mama yuko na mteja. Kambo alikuwa ndani. Mimi nilikuwa barazani nafanya kazi za shule sakafuni. Papa Anselmi hakuketi. Alikuwa na futi yake ya kitambaa shingoni bado, kana kwamba aliinuka ghafla kwenye cherehani.

Aliniuliza kwa upole, kama mtu anayeuliza habari za shule: kama waliwalisha wale askari, viatu walivitoa vya nini?

Lilikuwa swali jepesi. Nikasahau kiapo changu nikamjibu kwamba ni kwa sababu walikuwa wanakwenda kulala. Mtu halali na viatu. Akatikisa kichwa kukubali. Akaniuliza Kambo aliniambia mto gani. Nikasema hakuniambia jina. Akasema, nenda ukamwite.

Kambo alitoka amevaa fulana. Walipoonana hawakusalimiana. Kambo aliketi kwenye kiti chake, na hakuna aliyekumbuka kuniambia niondoke. Nilibaki mlangoni na kitabu changu.

Papa Anselmi alimsimulia Kambo habari za kaka yake, zile ambazo siku zote aliishia nusu. Kaka alikuwa askari wa serikali, akapelekwa kusini kwenye vita vile. Nyumbani Kindu walikaa bila habari mpaka msafiri mmoja alipomwambia mama yao kwamba kikosi cha mwanawe kimejisalimisha. Mama yao alicheza ngoma uani. Alisema, aliyejisalimisha anarudi. Tangu siku hiyo alimwekea chakula chake pembeni kila jioni, mpaka alipokufa, na aliyekula chakula hicho asubuhi kikiwa kimepoa alikuwa Papa Anselmi mwenyewe.

"Mliwaua," alisema.

Neno hilo nililijua. Lilikuwa neno la jikoni pia. Tuliwaua mende, tuliwaua panya. Nilisimama pale na picha yangu ya mablanketi, na nakumbuka niliwageuza wale wanaume kichwani mwangu, nikijaribu kuwaona wamelala tu, na sikuweza tena.

Kambo alisema ndiyo. Alisema waliamriwa. Halafu akasema, hapana, amri ilikuja, lakini kulikuwa na walioikataa wakapewa kazi ya kuchota maji, na hawakufanywa kitu, yeye hakukataa. Alisema hakujua jina la hata mmoja wao. Alisema kama angejua kwamba Anselmi...

"Sikuulizi jina," Papa Anselmi alisema. "Jina lake ninalo. Nakuuliza mahali."

Kambo akajaribu kueleza. Ni karibu na mji fulani wa mgodi, ukitoka kwa barabara ya zamani, kuna mto. Papa Anselmi alimkatiza akasema mdomo umeshamdanganya mara moja kanisani. Anataka miguu. Anataka waende wote wawili amwonyeshe. Kisha alikwenda zake, na nilipotazama chini niliona nyayo zake kwenye sakafu niliyoing'arisha.

Siku zile zilizofuata ndizo zinazonirudia nikinusa polishi. Hakuna aliyenipiga, hakuna aliyenifokea. Asubuhi Kambo alinipa mkono wake kama kawaida tulipotoka getini, nami nilitia mikono yangu yote miwili kwenye mifuko ya jezi. Kesho yake hakuunyosha. Alitembea nyuma yangu hatua chache, na tulipofika kwenye roboti alisimama akisubiri taa huku mimi nikivuka na wavulana. Nilikuwa na hofu kwamba watu barabarani wanatuona tumefanana. Tulikuwa tumefanana kweli: paji la uso, vidole virefu. Nilivitazama vidole vyangu darasani kwenye dawati nikawa nakunja ngumi.

Nyumbani Baba alipinga safari. Alisema wazee wawili hawatafika, mipaka ni mingi, na kwa nini kufukua mambo ya enzi zile wakati watu wamekwisha kusahau. Mama alimwuliza watu gani waliosahau. Baba alisema yeye ni mtu wa watu, ana watoto, kanisa limepiga makofi, na makofi hayarudishwi. Mama alikuwa akikunja nguo za Kambo na kuzitia kwenye begi wakati wote huo. Hakumtetea baba yake hata kwa neno moja, wala hakumtukana. Alikunja tu. Sikupata kumwona akimtazama usoni tangu siku ile Papa Anselmi alipokuja.

Kanisani waliambiwa Mzee anakwenda kusalimia ndugu. Jumapili ya mwisho mchungaji alimwita mbele, akawaambia watu wote wamnyoshee mikono kumbariki msafiri. Walimzunguka. Mikono ilikuwa kila upande, mingine imeinuliwa juu kabisa, na safari hii hakuweza kutoka, maana walikuwa wamemshika mabega. Nilimwona kati ya viwiko vya watu. Alikuwa ameinamisha kichwa na kofia ameishika kifuani, na jasho lilimchuruzika shingoni kama mtu aliyebeba mzigo. Watu waliona ni upako. Papa Anselmi alikuwa amesimama ukutani nyuma, mikono yake imeshuka.

Waliondoka kwa basi kutoka Park Station. Walikaa kiti kimoja, Papa Anselmi dirishani. Nilikwenda na mama kuwasindikiza. Kambo alinitazama kutoka juu na nadhani alitaka kusema kitu, lakini kioo kilikuwa kimefungwa. Niliinua mkono kupunga. Halafu nikaona ninachokifanya, nikaushusha upesi. Hivyo ndivyo tulivyoagana.

Papa Anselmi alirudi peke yake baada ya wiki nyingi. Alikuwa amekonda na sauti ilikuwa imekauka. Mama alimwekea kiti barazani na chai, na safari hii aliketi. Alitueleza kwamba Kambo amebaki kwa dada yake mdogo, hataki kurudi Jozi. Halafu akaeleza waliyoyaona.

Walifika. Mahali pamebadilika, pamejaa watu. Kambo alitembea mbele na fimbo, akasimama kwenye tanuri la matofali, akaonyesha kwa fimbo akasema hapa. Papa Anselmi akavua kofia. Kabla hajaanza kuomba, Kambo alikuwa ameshaondoka tena. Akavuka barabara mpaka uwanja wa mpira wa shule, watoto wanacheza, akaonyesha kwenye goli akasema hapa. Kisha akateremka mpaka kwenye mto, pale wanawake wanapolowekea mihogo, akasema hapa.

"Nikaona Mzee amechanganyikiwa," Papa Anselmi alisema. "Ni miaka mingi. Nikamwambia basi, kaka, inatosha, umechoka. Kati ya sehemu hizo tatu nikachagua moja."

Alichagua ya mtoni, kwa sababu kaka yake alipenda kuoga mtoni tangu utoto. Akapiga magoti kwenye matope wanawake wakimtazama, akasema jina lake kwa sauti, akamwambia mama amekufa, chakula chako nilikula mimi. Alituambia hayo yote bila kulia. Alipomaliza chai alimwomba mama, akizungumza na Kambo kwa simu, amfikishie shukrani zake. Mama alisema ndiyo, Papa. Aliingia ndani na kikombe na hakutoka tena.

Kambo alikufa huko huko kabla sijamaliza shule ya msingi. Hatukwenda. Kanisa lilifanya ibada ya kumkumbuka, na mchungaji alihubiri kuhusu mtu aliyewalisha adui zake, Baba akiwa ameketi mbele katika suti yake ya kahawia. Baba naye hayupo tena sasa, na sijui kama alijua jinsi ninavyoisikia suti ile nikifumba macho, ikikwaruza kitini kila alipoitikia amina.

Papa Anselmi aliishi sana. Macho yalipokwisha kwa kushona, alikaa kwa binti yake Bez Valley, na kila nilipokwenda kumwona alinishika mikono, mikono yangu hii, akaniambia mimi ndiye niliyempa kaka yake, kwamba bila Kiswahili changu cha mtoto asingejua aende wapi. Nilikuwa nikimtengenezea chai. Alizungumza sana habari za mahali pale pa mtoni: maji yake, mawe yake, mti ulioinama. Wajukuu wake walipajua kama vile wamefika. Mwaka jana tulipomzika, kijana wake mkubwa alisema kaburini kwamba baba yao alikufa na amani kwa sababu alijua ndugu yake amelala wapi. Mama alikuwa kando yangu. Alinishika mkono ghafla akaubana mpaka pete ikaniumiza.

Tulirudi kwa gari langu, mimi na yeye tu. Kwenye roboti moja, gari limesimama, alisema kwamba Kambo alimpigia simu siku ile ile Papa Anselmi alipopanda basi la kurudi. Alisema amekaa na jambo hilo miaka yote hii kwa sababu hakujua ampelekee nani.

Nilimwuliza jambo gani.

"Kambo hakuchanganyikiwa," mama alisema. "Wale askari walipelekwa makundi makundi. Pale pote ni kweli. Alimwacha Papa Anselmi apige magoti kwa sababu alimwona anapumua. Lakini alikuwa bado hajamaliza kumwonyesha."